Mufaransa wa Mstari wa Nyuma

Ukimuulizia Mufaransa pale Bwera, mtu ataanza kucheka kabla hajakuonyesha njia. Wala si Mfaransa. Ni Mkonzo wa Kyarumba, jina lake Yonasani Thembo, na Kifaransa chake ni kile cha kuokoteza ng'ambo ya mpaka wa Kongo, Kasindi, alikobeba magunia ujanani akikaa kwa mjomba wake. Jina alilipata mwaka ule Wafaransa walipokuja na kamera zao kupiga filamu mlimani. Walitaka wachukuzi. Thembo akaenda, akatwishwa sanduku, akapanda nalo kilima, akateremka, akapanda tena, mpaka wenye kamera wakaridhika.

Filamu ilipofika Bwera kwenye banda la video, watu walijazana mpaka mlangoni. Kilichoonekana ni mgongo. Mgongo, sanduku, na kisigino kilichopasuka. Mke wake, Vasta, alikuwa ameketi mbele kabisa na kitenge kipya, akasikia mtu nyuma yake akiuliza sura iko wapi, na banda zima likaangua kicheko. Hilo angelisamehe. Ambalo hakulisamehe ni kwamba Thembo naye alicheka, tena kwa furaha, na tangu siku hiyo hujitambulisha kwa wageni kuwa ni mwigizaji wa filamu ya Kifaransa. Mgeni akiuliza alicheza kama nani, hujibu bila haya yoyote: mchukuzi wa tatu.

Hiyo ndiyo kazi yake ya maisha, kama inaweza kuitwa kazi. Kwa miaka mingi amekuwa katika kikundi cha maigizo cha bwana mmoja aitwaye Zedekia, kikundi kinachokodiwa na miradi kuwafundisha watu wa vijijini, wa shuleni na hata askari wa kambini kuchimba choo, kulala ndani ya chandarua na kutopiga wake zao. Zedekia ndiye chifu, ndiye daktari, ndiye askofu. Thembo ni mlevi. Asipokuwa mlevi ni mgonjwa, asipokuwa mgonjwa ni mwizi wa pili, yule anayekamatwa wa kwanza akitoroka. Na kama mchezo una maiti, basi maiti ni yeye, kwa sababu anajua kuvuta pumzi bila tumbo kuinuka. Kuna watu wanaojivunia mashamba na mabati. Huyu alijivunia tumbo lisiloinuka.

Zedekia ana sauti nene lakini kichwa chake hakishiki maneno, na hapo ndipo Thembo alipopata ujuzi wake wa pekee. Daktari akisahau la kusema, mgonjwa kitandani angeguna, "Daktari, unataka kuniuliza kama nimekunywa maji ya mtoni?" na Zedekia angekohoa, akapanua kifua na kuuliza jambo hilo hilo kama kwamba ni lake. Watu wangempigia makofi Zedekia. Thembo aliita jambo hili kumbeba mkubwa, na alilieleza nyumbani kwa majigambo, akisema mwigizaji wa kweli hamwachi mwenzake aanguke mbele za watu. Vasta, aliyekuwa akichambua maharage ya kuuza sokoni, alimjibu kwamba hata uongo wake mwenyewe hana, kazi yake ni kumsaidia mwingine kusema uongo.

Vasta hakuzaliwa na dharau hiyo. Ilikuja kwa njia yake, na ni lazima isemwe.

Kwa Wakonzo jina hutolewa kwa zamu ya kuzaliwa. Msichana wa kwanza ni Masika, wa pili ni Biira, na kuendelea. Wavulana nao wana mstari wao, na Thembo ni jina la yule anayefika wakati wakubwa wameshakula nyama na kubakiza mchuzi. Mtoto wao wa kwanza alikuwa msichana, kwa hiyo Masika, na wao wakawa Baba Masika na Mama Masika, kama desturi ilivyo. Homa ilimchukua Kyarumba kabla hajajua kutembea. Saa hiyo baba yake alikuwa Kahendero, amelazwa kwenye mkeka mbele ya wavuvi, anaigiza maiti ya kipindupindu, na Zedekia amesimama juu yake akihutubia kuhusu kunawa mikono. Alipofika Kyarumba, amepanda mlima kwa miguu, wachimbaji walikuwa wameshamaliza kuchimba kaburi, na unga wa muhogo aliopakwa ili afanane na mfu ulikuwa bado umeganda masikioni. Wanawake waliuona. Mmoja akasema kwa sauti kwamba huyu ametoka kufa kwa watu, sasa amekuja kutazama wa kwake.

Vasta walimwingiza ndani, wakamshika. Waliomwona Thembo kule nje walimletea habari baadaye: hakulia. Mtu ambaye jukwaani hulia mpaka makamasi, kwa mtoto wake alisimama nyuma ya kaka zake na macho makavu, ameshika kofia. Basi ikawa hivyo. Jina la Baba Masika likafa pamoja na mtoto. Nyumbani Vasta akamwita "wewe," mbele za watu akamwita Mufaransa, kama wote.

Msichana mwingine akazaliwa, akawa Biira, kwa maana zamu haifutwi na kifo. Aliyezikwa anabaki na nafasi yake. Shuleni alijiita Bright. Na shuleni wenzake walimwita mutoto ya mulevi, kwa sababu walikuwa wamemwona baba yake akigaragara kwenye uwanja wao, chupa mkononi, akifundisha madhara ya waragi. Ukweli kwamba Thembo hanywi hata togwa iliyochachuka haukumsaidia mtu. Bright alisoma kwa hasira, akawa muuguzi kule Kisinga, na huko akampata kijana Mwacholi, mtoto wa afande Oryem, aliyezaliwa na kulelewa kwenye kambi ya askari Kasese.

Sasa hapo Vasta aliamka. Afande Oryem alikuwa mtu mzito, mstaafu mwenye nyota, ambaye akipita watu hunyoosha migongo bila kujua. Vasta alitaka kitu kimoja tu duniani: binti yake atoke kwao kwa heshima, na siku ya kwanjula, wakwe wanapokuja kujitambulisha na kutoa mahari, asiwepo mtu wa kucheka. Na watu wangeachaje kucheka, ikiwa atakayesimama kumpokea Oryem ni mlevi, maiti, mwizi wa pili?

Dada yake, Naswiba, ndiye aliyeleta dawa. Kuna mtu Kasese, alisema, Mugume, anakodiwa kwa shughuli hizi. Ana tumbo, ana mvi zilizokaa vizuri, ana sauti. Ameshakuwa baba wa wasichana ambao baba zao walikufa, walikimbia au waliaibisha. Mabibi harusi wa mjini humgombea. Vasta alikataa kidogo, kwa adabu tu, kisha akakubali. Bright aliulizwa, akatazama chini, akasema mama afanye anavyoona. Kaka za Thembo kule Kyarumba nao walipopelekewa ujumbe, walijibu kwamba ikiwa mwenyewe ameridhia, wao ni nani. Ndivyo ukoo mzima ulivyompima, na hakuna aliyeona kwamba mzani una kasoro.

Ikabaki kumwambia mwenyewe. Vasta alimwambia akiwa anamega ugali, bila kuzungushazungusha. Thembo alisikiliza mpaka mwisho. Wanaume wengine wangepindua sahani. Yeye alinawa mkono, akauliza swali moja.

"Na mimi nitakuwa nani?"

Akaambiwa atakuwa mdogo wake baba, ametoka Kongo, atakaa mstari wa nyuma. Akauliza kama huyo mdogo wake baba ana maneno. Akaambiwa hana. Akasema sawa. Na wiki ile yote, Mungu ni shahidi, alikuwa akijiandaa. Alitafuta fimbo. Alijifunza kuchechemea mguu wa kushoto, huku na huku uani, akisema mtu aliyetembea kutoka Kongo na umri ule lazima goti limsumbue. Jamani! Mtu ananyang'anywa binti yake, naye anatafuta goti bovu la kumfaa! Vasta alimtazama kutoka jikoni na kuhisi kwamba, kama alikuwa na huruma iliyobaki, ameimaliza kwa kutazama ule mguu.

Siku ikafika. Mahema mawili yalitazamana uani, na juu ya lile la wenyeji kulikuwa na kitambaa kikubwa kilichoandikwa jina la bibi harusi, Bright Biira, kwa herufi za dhahabu. Wageni waliingia kwa mstari, Waacholi warefu waliozoea mahari ya ng'ombe, na kuambiwa kwamba Wakonzo huoza kwa mbuzi kulikuwa kumewaweka katika hali nzuri sana. Msemaji wao alikuwa Ojara, mjomba wa kijana, mtu mkavu mwenye macho ya kukagua. Afande Oryem alikaa mbele, fimbo yake magotini.

Na Mugume alikuwa baba. Usiombe. Alisimama kama aliyezaliwa amesimama. Aliwakaribisha wageni kwa mafumbo, akawatania, akawauliza kama wamepotea njia ya kwenda kwa wenye ng'ombe, akawachekesha hadi Oryem mwenyewe akatikisa mabega. Vasta alikaa kwenye mstari wa akina mama, moyo umetulia kwa mara ya kwanza baada ya miezi. Hivi ndivyo baba anavyotakiwa kuwa, aliwaza. Nyuma kabisa, kati ya majirani, Mufaransa alikuwa ameegemea fimbo yake, akiitikia kila utani kwa kichwa, akicheka mahali pa kucheka.

Ila mtu aliyesifiwa sana huwa hatosheki. Bright alipotolewa ndani na kupiga magoti katikati, Mugume hakuridhika na maneno aliyopewa. Si Mkonzo, alikuwa ameokota mawili matatu mjini kuhusu majina ya watu wa huku, na aliona ni wakati wa kuyaonyesha. Alikuwa ameambiwa Bright ndiye binti mkubwa nyumbani. Basi akanyoosha mkono juu ya kichwa chake na kunguruma kwamba wageni wamtazame vizuri, huyu ndiye Masika wake, tunda la kwanza la nyumba yake, aliyemfanya aitwe baba.

Akina mama wa Kyarumba waliziba midomo. Vasta aligeuka kumtazama Naswiba. Hilo jina halikuwa limetamkwa uani kwake tangu siku ile ya unga wa muhogo, na sasa mtu wa kukodi alikuwa analipigia kelele chini ya hema.

Ojara alikuwa anatazama kitambaa. Alikisoma taratibu, kisha akainua mkono.

"Mzee, utusamehe. Sisi ni watu ya mbali, lakini tumekaa na Wakonzo kambini miaka mingi. Pale juu imeandikwa Biira. Biira ni wa pili. Sasa wewe unasema Masika. Kama iko Masika, iko wapi? Mumemuficha? Ama huyu mutoto, wewe ni baba yake kweli?"

Mugume naye aligeuka, akakitazama kitambaa. Akatoa leso, akafuta shingo. Aliangalia mstari wa akina mama kutafuta msaada, na Vasta akamwona jinsi alivyo, tumbo na mvi na hakuna kitu ndani. Afande Oryem alikuwa ameacha kutikisa mabega. Bright, akiwa bado amepiga magoti, hakuinua uso.

Ndipo ikasikika fimbo nyuma. Mufaransa alikuwa anainuka, kwa shida, kama mtu mwenye goti bovu. Alikuwa ameambiwa hana maneno. Vasta aliomba ardhi ipasuke.

"Wakubwa, munisamehe, mimi ni mudogo yake," Thembo alisema, kwa Kiswahili kile cha mpakani, bila kupandisha sauti. "Ndugu yangu hajakosea. Masika alikuwa. Tulimuzika Kyarumba. Shimo lilikuwa ndogo, mutu moja tu anaweza kuingia kumupokea, na baba yake aliingia mwenyewe, akamulaza. Hakulia. Watu walimusema sana. Hakulia sababu alikuwa mutu ya kuchekesha, aliogopa akilia, watasema anacheza. Sasa kila akiangalia Biira, ulimi yake inaanza kwa Masika kwanza. Baba anahesabu wote, wenye wako juu ya udongo na wenye wako chini yake. Mumusamehe."

Akakaa. Alikuwa amembeba mkubwa, kama alivyozoea. Na mkubwa akabebeka! Mugume, ambaye hakujua hata Kyarumba iko upande gani wa mlima, aliweka leso machoni na kulia kwa kishindo, mabega yakipanda na kushuka. Waacholi waliguna kwa huruma. Mama mmoja upande wa wageni alianza kulia kweli. Ojara akainamisha kichwa, akasema wameelewa, akaomba radhi kwa kugusa kidonda cha mzee. Vigelegele vikapigwa. Kila mtu akasema moyoni kwamba baba kama huyu ni wa kuigwa.

Vasta hakupiga kigelegele. Alikuwa anarudia yale maneno. Aliingia mwenyewe, akamlaza. Hakuna aliyemwambia hilo. Walimletea habari ya macho makavu, wakaacha habari ya shimo, na yeye kwa miaka yote hakuuliza, kwa sababu dharau ni starehe, ukishaikalia hutaki kuinuka. Alijiuliza kama na hili ni mchezo. Akageuka kumtazama. Thembo alikuwa amerudi kuegemea fimbo, anaitikia kwa kichwa kilio cha Mugume, anakipa nafasi. Lakini tumbo lake halikuinuka. Alikuwa amezuia pumzi, kama afanyavyo akiwa maiti, na Vasta akaelewa kwamba safari hii ameizuia ili kisitoke kitu kingine.

Ojara alitangaza kwamba wageni wameleta koti la baba, na mbuzi wa baba, na akamwomba mama wa binti aje asimame na mumewe ili baba avishwe. Bright alipewa koti. Lilikuwa kubwa, la kijivu, limeshonwa kwa kipimo cha Mugume, ambacho Naswiba alikuwa amewapelekea. Mugume alikuwa tayari amefungua mikono.

Vasta aliinuka. Alimpita Mugume bila kumtazama. Naswiba alimvuta kitenge, naye akakichomoa mkononi mwa dada yake. Alikwenda mpaka mstari wa nyuma, majirani wakimsogezea viti, akasimama kando ya mtu mwenye fimbo.

"Bright, leta koti huku."

Kulikuwa na minong'ono, halafu, kama alivyoogopa miezi yote ile, mtu mmoja akacheka. Vasta alimwacha acheke. Afande Oryem alisimama, akapiga hatua mbili mbele, akakaza macho.

"Huyu si ndiye mulevi?" akauliza. "Yule ya kambini?"

"Ndiyo, afande," Thembo akasema.

Oryem alimsogelea. "Mimi nimecheka wewe miaka mingi," akasema. "Sikujua uko na mutoto. Sikujua uko na wawili." Kisha akageuka kwa Ojara na kuamuru, kwa sauti ya kambini, kwamba mbuzi apelekwe kwa mwenyewe.

Mugume alibaki na mikono yake hewani. Baadaye alikula, akabeba na vya njiani, akaenda zake. Watu wa aina hiyo hawapotezi kitu. Bright alikuja na koti akilia, akamvika baba yake. Lilimmeza. Mikono yake ilipotelea ndani, mabega yakaning'inia, akaonekana mtu wa kuazimwa kuliko alivyowahi kuonekana jukwaani. Alimwinamia Vasta akamuuliza kwa kunong'ona asimame wapi. Vasta akamwambia mbele.

Thembo akaanza kwenda mbele, kamba ya mbuzi mkononi, watu wakimtazama usoni, na alikuwa akichechemea mguu wa kushoto.

"Baba Masika," Vasta akamwambia, "goti lako ni zima."